Widdershins ni kinyume cha jua, si kinyume cha saa

Tafsiri inayozidi kusambaa ya neno la Kiingereza widdershins ni hii: "kinyume cha saa". Nukta, hakuna la ziada. Mmoja kaandika, wa pili kanakili, programu za kutafsiri zimelimeza, na sasa mwanafunzi akiuliza maana anajibiwa kwa uhakika wote kwamba ni mzunguko wa kwenda kinyume na mishale ya saa, basi. Limeniudhi kiasi cha kutosha kuliandikia. Neno hili halijatokana na saa, na anayelitafsiri kwa saa analitoa roho.

Tuanze na asili. Widdershins ni neno la Kiskoti lililohamia Kiingereza, na Waskoti nao walilipata kutoka Kijerumani cha Chini cha zama za kati: weddersinnes. Wedder ni "dhidi ya", sinnes ni "njia" au "mwelekeo". Kuenda njia ya kinyume, basi. Ile shins ya mwishoni haina uhusiano na shin ya Kiingereza, yaani muundi wa mguu. Maandishi ya zamani kabisa yanayotajwa kwenye kamusi ni ya mwaka 1513, pale mshairi wa Uskoti Gavin Douglas alipoitafsiri kwa Kiskoti Aeneid, utenzi wa Virgil wa Roma ya kale, na kusema nywele zilisimama widdersyns, yaani zilikwenda kinyume na zinavyolala. Hapo hakuna duara lolote. Maana ya kuzunguka kinyume na mwendo wa jua ilishika mizizi katika karne hiyohiyo, na bila shaka ilisaidiwa na mlio wa neno kukaribiana na jina la jua. Maneno ya Kiingereza yanayotaja mzunguko kwa kuutazama uso wa saa yamekuja karne ya 19. Kwa zaidi ya miaka 300, basi, watu walikuwa wakisema widdershins na saa haimo kabisa katika fikra zao.

Kilichokuwamo ni jua, pamoja na hofu.

Uskoti iko karibu digrii 55 hadi 60 kaskazini mwa ikweta. Huko jua halipiti utosini hata siku moja ya mwaka. Linachomoza upande wa mashariki, linapita kusini, linazama magharibi. Ukilifuata kwa mwili wako huku ukizunguka kitu, kitu hicho kinabaki mkono wako wa kulia. Huo ndio mwendo wa heri, na kwa Kigaeli, lugha nyingine ya Uskoti, unaitwa deiseil, Waingereza wakaliandika deasil. Deas kwa Kigaeli ni kulia, na ndiyo hiyohiyo kusini, kwa sababu mtu anahesabiwa amesimama akitazama mawio. Tuathal, mwendo wa kinyume, imefungamana na kaskazini, na inabeba pia maana ya jambo lililokwenda kombo.

Msomaji wa Kiswahili hapa hahitaji mkalimani. Yamini ni mkono wa kulia na Yemeni iko kusini. Shamu iko kaskazini, upande wa kushoto wa mtu aliyelielekea jua likichomoza. Na shemali yetu ni kushoto na pia ni upepo wa kaskazini. Wahindi nao wana dakshina, kulia na kusini kwa neno moja. Watu wa mbali mbali hivyo wamesimama namna moja mbele ya mawio, kisha tunaambiwa neno linalotokana na kisimamo hicho ni habari ya mishale ya saa!

Martin Martin, mwenyeji wa kisiwa cha Skye, aliandika mwaka 1703 jinsi watu wa visiwa vya magharibi vya Uskoti walivyobeba moto na kuwazungushia wanawake waliojifungua na watoto wachanga kwa mwendo wa kulia, asubuhi na usiku, ili kuwakinga. Wavuvi wa visiwa vya kaskazini walipotoa mashua bandarini waligeuza omo kwa kufuata jua hata kama njia fupi ilikuwa upande wa pili. Kuzunguka kanisa widdershins, yaani kanisa likiwa mkono wa kushoto, kulikuwa kuita shari. Katika hadithi ya Childe Rowland, binti anakimbilia mpira nyuma ya kanisa, anapita upande wa kinyume na jua, na hapo hapo anatwaliwa na mfalme wa majini wa kwao. Na katika kesi za uchawi za North Berwick, mji wa Uskoti, za 1590 na 1591, kuzunguka widdershins kulikuwa sehemu ya maungamo yaliyopatikana kwa mateso. Watu walichomwa moto. Ukiandika "kinyume cha saa" katika sentensi ya aina hiyo, msomaji anafikiria kufungua parafujo.

Sasa nije kwenye hoja yangu kubwa, na nitakaa hapo. Kule Uskoti, kufuata jua na kufuata saa ni kitu kimoja kila siku ya mwaka. Sababu inajulikana: saa ya kivuli ya kaskazini ya dunia, ile ya bamba lililolazwa, kivuli chake kinaanzia magharibi asubuhi, kinapita kaskazini adhuhuri, kinaishia mashariki jioni. Waliotengeneza saa za mishale waliiga mwendo huo. Saa imelifuata jua la kaskazini. Jua halijawahi kuifuata saa. Ukivuka ikweta, ndoa hiyo inavunjika. Cape Town, karibu digrii 34 kusini, jua linapita kaskazini mwaka mzima, kwa hiyo anayelifuata jua anakwenda kinyume na mishale ya saa. Yaani Cape Town mwendo wa heri wa Mskoti ni ule ambao kamusi zetu zinauita widdershins.

Na huku kwetu mambo ni matamu zaidi, maana jua linabadilisha upande. Dar es Salaam iko kama digrii 6.8 kusini. Jua la utosi linapatikana mara mbili: mwanzoni mwa Machi na karibu tarehe 10 Oktoba. Kuanzia Machi hadi Oktoba jua la mchana liko kaskazini, na kulifuata ni kwenda kinyume na saa. Kuanzia Oktoba hadi Machi liko kusini, na kulifuata ni kwenda na saa. Nairobi, digrii 1.3 kusini, mabadiliko yanaangukia katikati ya Machi na mwishoni mwa Septemba. Mji mmoja, ua mmoja, mti mmoja: mwezi Juni widdershins ni huku, mwezi Desemba ni kule.

Asiyeamini apime. Simamisha fito iliyonyooka yenye urefu wa mita 1 juu ya ardhi iliyo sawa, uihakikishe kwa timazi, kwa sababu fito ikiinama kidogo tu kivuli kinadanganya. Weka kijiwe kwenye ncha ya kivuli kila baada ya nusu saa, kuanzia saa 3 asubuhi hadi saa 9 alasiri. Dar mwishoni mwa Juni, kivuli kifupi kuliko vyote kitakuwa kama sentimita 58 na kitaelekea kusini. Mwishoni mwa Desemba kitakuwa kama sentimita 30 na kitaelekea kaskazini. Ukisimama penye fito ukageuka taratibu kukifuata kivuli kijiwe kwa kijiwe, Juni utageuka kwa kushoto, Desemba kwa kulia.

Wanaokosea kipimo hiki hukosea mahali patatu. Kwanza, wanatafuta kivuli kifupi saa 6 kamili, wakati Dar, kwa kuwa iko magharibi ya mstari wa saa zake, jua linafika katikati kama saa 6 na dakika 23 kwa wastani, na linasogea robo saa hivi mbele au nyuma kutegemea mwezi. Pili, wanapima wakati wa jua la utosi, ambapo ncha ya kivuli inakwenda karibu mstari mnyoofu kutoka magharibi hadi mashariki, na hakuna mgeuko wa kuutolea hukumu. Tatu, wanaanza mapema mno mwezi Desemba. Jua la Dar likiwa limetoka tu, chini ya digrii 17 hivi juu ya upeo, linasogea kidogo upande wa kaskazini kabla ya kugeuka kuelekea kusini, na kivuli nacho kinarudi nyuma kama digrii 1. Ni kiasi kidogo, lakini mtu makini akikiona anadhani kipimo kimeharibika. Hakijaharibika. Ndiyo tabia ya jua katika nchi za joto, na ndiyo sababu nimesema uanze saa 3.

Bolivia walijaribu kulisema hili hadharani. Mwaka 2014, kwenye jengo la bunge huko La Paz, saa iligeuzwa ili mishale yake izunguke kushoto, kama kivuli cha kusini. Watu wengi duniani walicheka. Mimi naona walikuwa na haki, ijapokuwa La Paz nayo, ikiwa digrii 16.5 kusini, jua lake linapita upande wa kusini kuanzia Novemba mwanzoni hadi Februari mwanzoni.

Halafu lugha yenyewe. Kiswahili ni lugha ya watu ambao mshale mfupi ukiwa kwenye 7 wanasema saa 1, bila kusitasita, kwa sababu wanahesabu tangu kuchomoza kwa jua. Tunausoma uso wa saa kwa kulitii jua kila siku ya maisha yetu. Neno linalohusu jua likitufikia, sisi ndio tuliostahili kulielewa upesi kuliko wote, na sisi ndio tunalikabidhi kwa saa.

Kuna hatari moja ambayo haizungumzwi na inanigusa zaidi. Tawafu ni mizunguko 7, Kaaba ikiwa mkono wa kushoto. Kwa macho ya aliye juu, ni kinyume cha saa. Haihusiani na jua hata kidogo. Ni ibada kwa namna iliyofundishwa. Sasa mtafsiri anapoandika kwamba mchawi "alizunguka kinyume cha saa" na kwamba mwendo huo ni wa laana, ameuchukua mwelekeo ambao mamilioni ya wasomaji wa Kiswahili wanaujua kama mwelekeo wa ibada kuu, akaupa uovu ambao neno la asili halikuuweka hapo. Laana ya Mskoti haikuwa katika kwenda kushoto kwenyewe. Ilikuwa katika kulipinga jua. Ukiandika "kinyume cha jua", msomaji anaiona laana na sababu yake mara moja, na tawafu inabaki mahali pake. (Wanariadha nao wanakimbia uwanja kwa kushoto duniani kote, wala hawalogi mtu.)

Nakubali, kwa shingo upande, kwamba Mwingereza wa leo mara nyingi analitumia neno hili akimaanisha kinyume cha saa tu, hasa mwandishi wa riwaya anayependa neno lenye ladha ya kale. Basi hata hapo amelichagua kwa ajili ya ile ladha. Angetaka saa angeitaja. Neno la kawaida analo.

Katika kazi ya kutafsiri, fanya hivi. Kama matini ni ya kichawi, ya kimila au ya hadithi, andika "kinyume na mwendo wa jua" mara ya kwanza, halafu "kinyume cha jua" baada ya hapo. Kama mahali ni muhimu katika tukio, ongeza mkono: "akalizunguka kanisa kinyume cha jua, kanisa likiwa kushoto kwake". Hilo linafunga mlango wa utata, maana kushoto kwa anayezunguka hakubadiliki Juni wala Desemba. Kama tukio limehamishiwa kusini ya dunia, usiguse mkono kabla hujajua mwandishi alimaanisha jua la wapi. Kama ni sitiari ya mambo kuharibika, achana na mzunguko kabisa: mambo yalikwenda mrama, yalikwenda kombo, yalikwenda segemnege, chagua kulingana na uzito. Na katika maelekezo ya mashine au bomba, widdershins haitakiwi kuonekana. Ukiikuta, hapo ndipo "kinyume cha saa" inapofaa.

Wenye kamusi, ingizo lenyewe halizidi mistari minne. Kielezi, mara chache kivumishi. Huandikwa pia withershins. Kinyume na mwendo wa jua, hasa kwa kuzunguka kitu kikiwa mkono wa kushoto. Kwa imani za Uskoti, mwendo wa nuksi. Katika nchi za mbali kaskazini ya ikweta, sawa na kinyume cha saa. Kwa sitiari, mrama, kombo. Kinyume chake deasil.