Tunausifu upishi wa bibi zetu. Kazi yao tumeihesabu?

Kila Ramadhani ikiingia, Unguja na Pemba hurudi lawama ile ile: mabinti wa leo hawajui kupika. Chapati wananunua, tui wanatoa kwenye pakiti, kaimati wanaagiza kwa simu. Wanaolalamika wanasema urithi unatupotea. Wanaowajibu, wengi wao wanawake walioajiriwa, wanasema urithi huo uliwachosha mama zao. Kila upande una ukweli wake, ila wa kwanza unaliruka swali ambalo mimi siwezi kuliruka: kazi hiyo ilifanywa na nani, na alikuwa na hiari gani?

Kwanza niwape haki yao wanaolalamika. Ujuzi wa jikoni kwetu si mdogo. Chukua mchuzi wa pweza wa nazi. Pweza hupigwa kwanza ili alainike, kisha huchemshwa mpaka aive. Nazi hukunwa kwa mbuzi, ikakamuliwa kwa maji kidogo kupata kasimile, yaani tui zito, ndipo machicha yakamuliwe tena kupata tui jepesi. Jepesi hutangulia chunguni na kasimile huja mwisho, moto ukiwa mdogo, na mpishi haachi kukoroga mpaka lichemke. Akigeuza uso kidogo tu, tui linakatika. Hakuna aliyeandika vipimo. Mkono wa bibi uliufundisha mkono wa mjukuu. Mwenye jiko pia alikuwa na sauti yake mtaani. Sinia la futari lililofunikwa kawa na kupelekwa nyumba ya pili ndilo lililomtambulisha mgonjwa, mjane, na aliyekosa siku hiyo. Hata Siti binti Saad, mwimbaji wa taarab, kabla ya sauti yake kurekodiwa Bombay mwaka 1928, alikuwa akitoka Fumba na vyungu kichwani kuja kuviuza mjini. Biashara ya jikoni ndiyo iliyomfungulia njia ya mjini.

Lakini historia haiishii kwenye sinia. Karne ya 19, karafuu zilipowatajirisha wenye mashamba na nyumba kubwa zikajengwa Mji Mkongwe, kuteka maji, kutwanga, kuchanja kuni na kukaa mbele ya moto zilikuwa kazi za watumwa, wengi wakiwa wanawake waliotolewa bara, Wayao na Wanyasa miongoni mwao. Soko la watumwa lilifungwa 1873. Amri ya kufuta utumwa ikaja 1897, nayo ikawaacha masuria nje mpaka 1909. Leo tunasema boko boko ni la Waarabu na biriani ni la Wahindi, tukitaja mapishi yalikotoka. Aliyeyapika katika nyumba zile hatumtaji, na jina lake halikuandikwa popote. Hili linaniuma kuliko tui la pakiti.

Baada ya hapo jiko lilibaki kwa mwanamke kana kwamba amezaliwa nalo. Serikali ilipofungua skuli ya wasichana mjini mwaka 1927, upishi na ushoni vilikuwa sehemu ya masomo. Uchaguzi wa 1957 wanawake hawakupiga kura. Walisubiri mpaka Januari 1961. Dhiki nayo ilipokuja iliwaangukia wao. Burma ilipotekwa na Wajapani mwaka 1942, mchele tuliouzoea kutoka huko uliadimika. Mwanzoni mwa miaka ya 1970, uagizaji wa chakula kutoka nje ulipobanwa, watu walipanga foleni ya mchele, unga na sukari. Nyakati zote hizo, nyumba ilipokosa wali, ni mama aliyeulizwa watoto watakula nini, naye akageukia muhogo, majimbi na shelisheli. Baadhi ya vyakula tunavyoviita vya asili, tukavitamani leo, viliwalisha watu wakati hakuna kingine.

Kisha ukaja mwani. Kilimo chake kilipoanza kushika Paje na Jambiani mwaka 1989, wanawake ndio walioingia baharini kwa wingi, maji yakitoka. Walilaumiwa kwamba wanaziacha nyumba. Wakati huo huo fedha zao zilinunua sare za skuli, mabati na sufuria, na kwa wengi ilikuwa mara ya kwanza kushika pesa ambayo hawakuomba kwa mtu. Hapa wanaotetea mabadiliko wana hoja nzito, nami nasimama nao. Ila nao wasisahau jambo moja: mwanamke aliyetoka pwani nguo zimelowa alirudi akawasha moto mwenyewe. Kazi ya pili ilikuja, ya kwanza haikuondoka.

Wala tusiambiwe kwamba wanaume wetu hawajui kupika. Nenda bustani ya Forodhani, Mji Mkongwe, jioni: walioko nyuma ya mishkaki na urojo ni wanaume. Kwenye shughuli, masufuria makubwa ya biriani mara nyingi huwa mikononi mwa wanaume, na watu huwasifu kwa majina. Mwanamume wa Kizanzibari anapika vizuri sana pale anapolipwa au kutazamwa. Futari ya kila siku, isiyo na malipo wala hadhira, ndiyo haioni mkono wake.

Sasa tunaambiwa tuhamie gesi. Mkakati wa taifa wa nishati safi ya kupikia uliozinduliwa Mei 2024 unataka asilimia 80 ya Watanzania wawe wanaitumia ifikapo 2034. Naunga mkono bila kusita. Wazee wanaosema wali wa kuni una ladha yake wanasema kweli, lakini moshi wake haukuwa ukiingia kifuani mwa anayesubiri sahani barazani. Hata hivyo mtungi wa gesi hauamui nani atasimama mbele yake. Mwalimu au muuguzi akitoka kazini alasiri, bado nyumba nzima inamsubiri yeye aingie jikoni.

Kwa hiyo kwa wanaohofia urithi, ombi langu ni hili: wafundisheni na watoto wa kiume kukuna nazi na kukoroga kasimile, nyumbani, kuanzia Ramadhani ijayo. Walipeni wapishi wakongwe wa Wete, Mkoani na Makunduchi wafundishe katika vyuo vya amali, na mapishi yao yaandikwe kwa majina yao. Na binti anayenunua chapati kwa sababu ana mtihani kesho, mwacheni asome.