Ukarimu wa Tengeru Ulikuwa wa Nani?

Juzi nilimsikia mzungumzaji mmoja redioni akiusifu "ukarimu wa Watanganyika" kwa kuwapokea wakimbizi wa Kipolandi pale Tengeru, karibu na Arusha, wakati wa Vita Vikuu vya Pili, nami nikajikuta ninabishana na redio. Ukarimu wa nani, bwana? Mwaka 1942 wageni hao walipoanza kuletwa, Wameru waliokuwa wakilima migomba na kahawa chini ya Mlima Meru hawakuulizwa lolote. Aliyeamua ni Mwingereza, na nchi aliyoigawa haikuwa yake.

Wala Wapolandi wenyewe hawakuchagua kuja. Wengi wao walikuwa wanawake na watoto ambao utawala wa Stalin uliwang'oa mashariki mwa Poland kuanzia mwaka 1940, ukawasomba kwa mabehewa hadi Siberia na Kazakhstan, na walionusurika wakatokea Uajemi wamebaki ngozi na mifupa kabla ya kupandishwa meli kuja huku. Tengeru walikaa watu wapatao 5,000, katika nyumba za msonge zilizoezekwa kwa nyasi, wakiwa na shule, hospitali na kanisa lao. Makaburi yao yangalipo: mengi yana misalaba, na machache ni ya Wayahudi. Siwaonei kijicho hata kidogo.

Nakubali, shingo upande, kwamba wapo majirani waliotendeana wema. Lakini wema wa jirani haumsafishi mtawala. Novemba 1951, wakati makazi ya Tengeru yakielekea ukingoni, serikali ileile iliyowapatia wageni makao iliwatimua Wameru wapatao 3,000 kutoka Ngare Nanyuki, upande wa pili wa mlima uleule, ikachoma nyumba zao ili walowezi wa Kizungu wapate malisho ya ng'ombe. Wenyeji wakageuzwa wakimbizi kwao! Mwaka 1952 Kirilo Japhet, msemaji wa Wameru, akaenda hadi Umoja wa Mataifa, New York, kuyaeleza hayo. Akasikilizwa kwa adabu zote, na ardhi ikaendelea kubaki mikononi mwa walowezi.

Habari hiyo sikuisikia redioni. Mzungumzaji yule angeanzia Ngare Nanyuki, na kabla ya kushuka jukwaani angetueleza kwa nini Mkongo aliyezaliwa kambini Nyarugusu, katika Tanzania huru yenye sifa hiyo ya ukarimu, bado analazimika kuomba kibali ili atoke nje ya kambi.