Nani kakwambia uruke sini za walevi?

Juzi nimegombana na mdogo wangu sebuleni kwa sababu ya marehemu wawili ambao hata undugu nao hatuna. Tulikuwa tunaangalia Nosotros los pobres, ile filamu ya Kimexico ya 1948 ya mwongozaji Ismael Rodríguez, staa Pedro Infante ndo Pepe el Toro fundi seremala, na huyu mtoto kila wakitokea wale wamama wawili walevi anasogeza mbele. Eti "hao maekstra tu, twende kwa Pepe." Maekstra tu! Nikamnyang'anya rimoti, na kwa vile hasira hazijaisha acha nizimalizie hapa.

Hao "maekstra" ni La Guayaba na La Tostada. Guayaba ni pera, hili la kula, na tostada ni kile kichapati cha mahindi kilichokaangwa mpaka kikakauka kau, kwa hiyo unaona hata majina wametolewa jikoni. Guayaba ni Amelia Wilhelmy, Tostada ni Delia Magaña. Na huyu Delia ndo kaniuma roho.

Kazaliwa Mexico City 1903. Infante kazaliwa 1917, yani staa anatambaa huyu mama ni msichana wa miaka 14. Kakulia kwenye majukwaa ya vichekesho na nyimbo, halafu mwishoni mwa miaka ya 1920 huyoo Hollywood. Kipindi hicho sauti ndo imeingia kwenye sinema na wenye studio wanahangaika watawauziaje watu wa Mexico na Argentina, mambo ya kuingiza sauti za lugha nyingine yalikuwa bado, basi wanapiga filamu upya nzima kwa Kihispania. Ile Drácula ya Kihispania ya 1931 ilipigwa usiku kwenye seti zilezile, Bela Lugosi wa ile ya Kiingereza kashamaliza zamu yake ya mchana, na binti wa humo ni Lupita Tovar, Mmexico. Delia naye alipita kwenye filamu za Kihispania za hukohuko. Wamexico wenzake wa Hollywood, Dolores del Río akawa malkia, Lupe Vélez akawa moto wa kuotea mbali, Delia mfupi, mwenye sura ya kuchekesha, akarudi kwao akapewa nini? Majirani. Mahausigeli. Walevi. Akacheza hivyohivyo miaka nenda rudi, kafariki 1996 ana miaka 93, kaishi karibu miaka 39 baada ya Infante kufa. Na wewe unasogeza mbele.

Sasa niambie, ile filamu bila hao wawili ni nini? Mama kapooza yuko kwenye kiti, Pepe anabambikiwa mauaji anapelekwa jela, Chachita, mtoto anayelelewa na Pepe, analilia kaburi ambalo hata si la mama yake. Ni kilio mwanzo mwisho jamani, leso haitoshi unahamia kwenye kanga. Guayaba na Tostada ndo dirisha, wakitokea unavuta pumzi, mmoja anaanza mwingine anadakia, wanajua ya kila mlango wa ule uwanja wa nyumba za kupanga wanaoishi wote. Halafu kuigiza ulevi si kuyumbayumba, kuyumba hata mimi naweza bila kulipwa. Mlevi wa kweli anajitahidi aonekane hajalewa, anajikaza, anajiheshimu kupita kiasi. Muangalie Delia anavyojikaza! Huo ni ufundi wa mwanamke wa miaka kama 45 aliyeanza kazi kabla sinema haijaanza kuongea.

Na angalia majina ya wahusika ujue walivyohesabiwa. Carmen Montejo humo ni "La tísica", yani mwenye kifua kikuu, kama faili la hospitali. Katy Jurado ndo kabisa, ni "La que se levanta tarde", yule anayechelewa kuamka, na wote tunaelewa kwa nini anachelewa kuamka. Miaka minne baadaye huyo mchelewa kuamka yuko kwenye filamu ya Hollywood, High Noon, na anabeba tuzo ya Golden Globe, halafu nyingine, Broken Lance, ikamfikisha kwenye orodha ya wanaowania Oscar. Hayo nayo sogeza mbele.

Haya, sawa, tiketi aliziuza Infante, sikatai. Na umaskini wa humo umepakwa sukari mno, wanawake walevi wanageuzwa kichekesho, hilo nalo nalimeza kwa shida. Lakini mama yangu ukimtajia zile tamthilia za Kimexico tulizokuwa tunagombania luninga, jina la mwanamume mkuu limeshamtoka kitambo, anayemkumbuka ni hausigeli aliyekuwa anasikiliza mlangoni, mpaka anavyokunja mdomo anamuigiza.

Rimoti nimeificha kwenye debe la mchele. Akitaka kumuona Pepe, atapitia kwa Guayaba kwanza.