Mlango wa Gari Nisilokuwa Nalo

Gari sina. Natangulia kulisema, maana kila apitaye hapa Kisauni akinikuta na brashi mkononi huuliza, "Mzee, umevuta mashine gani?" Gereji aliijenga marehemu baba enzi za Peugeot 504 yake. Peugeot ikauzwa, baba akatangulia mbele za haki, mlango wa chuma ukabaki kuota kutu kwa niaba ya familia. Ndani mna mbuzi ya kukunia nazi, magunia ya makaa na baiskeli isiyo na mnyororo. Hiyo ndiyo mali inayolindwa.

Na Mombasa hii, chuma usipokipaka rangi bahari inakila. Upepo wenyewe una chumvi. Pale chini, maji ya mvua yanapotuama, ukigusa kwa kidole chuma chapukutika kama kashata.

Muuza hadiwea akaniambia, "Uoshe kwanza kwa maji matamu, rangi haishiki juu ya chumvi." Maji matamu yapi? Mfereji wangu watoa upepo. Ikabidi nimwite wa mkokoteni, nikauogesha mlango kwa maji ya kununua na mimi mwenyewe sijaoga. Mama watoto hakusema neno. Alisimama tu akaihesabu mitungi.

Kisha brashi ya waya, kisha msasa. Kutu likanijaa puani, kila chafya nyekundu. Nikapaka redoksaidi, ile rangi ya chini ya kuzuia kutu, na hapo baraza zima likaamka. "Kwani wafungua kichinjio?" Nieleze mara ngapi kwamba hiyo ni ya chini, ya juu yaja?

Saa ya kupaka nayo ni mtihani. Alfajiri chuma kina umande. Saa sita kimewaka moto, rangi yakauka hujaivuta, yatoa malengelenge. Jioni ni poa, ila mbu waja kujibandika humo humo wabaki pambo.

Rangi gani? Mama watoto ataka ya maziwa. Jirani naye, "Yakhe, paka nyeupe na buluu, si ndiyo kaunti walivyoagiza 2018?" Nikamwambia ile ilikuwa ya majengo ya katikati ya mji. Huku Kisauni mtalii gani atakuja kupigia picha makaa yangu? Nikapaka ya maziwa. Nyumbani kwangu nalala ndani, silali gereji.

Jirani huyo huyo alishinda barazani na kahawa yake akinisahihisha. "Hapo umeruka. Hapo pamechuruzika." Kitambaa tu cha kufutia hakushika. Magharibi ilipoingia namwona aja na kopo tupu la maziwa ya unga.

"Sheikh, imebaki kidogo? Nna kidirisha changu chanitia aibu."

Nikammiminia. Akachungulia ndani ya kopo, akanitazama.

"Ya buluu hukununua kabisa?"