Maandamano yakiisha, kamera ibaki

Tarehe 25 Juni 2024, waandamanaji walipoingia Bunge kuupinga Mswada wa Fedha, Nairobi haikukosa picha. Karibu kila kijana alikuwa na simu mkononi. Kabla jua halijatua, hata sisi tuliokuwa nyumbani tulikuwa tumeona moshi, moto na damu kutoka kila upande. Tangu hapo nimesikia watu wakiuliza: mtengenezaji wa filamu za hali halisi ana kazi gani tena?

Kazi anayo, tena imekuwa nzito zaidi. Simu huondoka na umati. Yeye anatakiwa abaki.

Kubaki kwenyewe hakuna mvuto. Nenda Mahakama ya Milimani uwaangalie akina mama wanaofuatilia kesi za watoto wao waliouawa kwa risasi. Utamwona mmoja na bahasha ya kaki iliyochakaa kwenye mikunjo: ndani mna karatasi yenye namba ya OB, yaani ya kitabu cha matukio cha polisi, ripoti ya upasuaji wa maiti na picha ndogo ya marehemu, ya kitambulisho. Kesi inatajwa, wakili wa upande wa pili anaomba muda, inasongezwa mbele. Dakika chache tu, basi, mama anatoka kutafuta matatu ya kumrudisha nyumbani. Taarifa ya habari ya saa moja haina nafasi ya mambo kama hayo, ilhali haki hupotelea papo hapo, taratibu, bila kelele.

Mtengenezaji filamu Sam Soko alimfuata mwanaharakati Boniface Mwangi kwa miaka, hadi alipowania ubunge wa Starehe mwaka 2017 akashindwa. Filamu hiyo, Softie, ilipata tuzo ya uhariri katika tamasha la filamu la Sundance, Marekani, mwaka 2020. Lililonikaa mimi si mabomu ya machozi. Ni Njeri, mkewe, na lile swali la nyumbani: nani atangulie, nchi au familia? Hilo hulipati kwa kushinda na watu wikendi moja.

Na wakati mwingine kubaki ni kurudi. Mauaji ya uwanja wa ndege wa Wagalla, kule Wajir, yaliyofanywa na askari wa serikali, yalitokea Februari 1984. Serikali ilishikilia kwamba waliokufa ni 57. Manusura wanahesabu kwa mamia na maelfu. Zaidi ya miaka thelathini ilipita ndipo filamu ya Judy Kibinge ikawaleta manusura hao mbele ya watazamaji.

Wakubwa wanaijua nguvu ya kazi hii kuliko sisi watazamaji. Mei 2025 polisi waliwakamata watengenezaji filamu wanne Nairobi, kwa madai ya kuhusika na makala ya BBC kuhusu mauaji ya pale Bungeni. BBC ilisema hawakuhusika.

Ninachogombana nacho ni pesa. Wafadhili, wengi wao wa ng'ambo, hulipia kamera, tiketi za ndege na tamasha. Mama wa bahasha ya kaki anaambiwa halipwi chochote, eti malipo yataharibu ukweli. Mpiga picha analipwa kwa siku hiyo hiyo ambayo mama ameacha kibarua cha kufua nguo. Ukweli gani huo unaoharibiwa na nauli na sahani ya chakula? Ziandikwe kwenye bajeti mapema, kama mafuta ya gari yanavyoandikwa, na filamu ikikamilika ionyeshwe kwanza mtaani kwao, ukumbini au hata uwanjani, kabla haijafika Kilimani kwa wenye nacho.