Mama huyu aombe uhamisho mapema

Nimesoma habari ya mama anayeomba kesi ya talaka aliyofunguliwa na mumewe Dar es Salaam ihamishiwe Mwanza, anakoishi na watoto. Wengi mmemjia juu kwamba anapoteza muda. Jamani, mdogo wangu yalimkuta hayo, yeye akiwa Songea. Kila tarehe alipanda basi kwenda Dar, zaidi ya kilomita 900, mtoto anayenyonya mapajani, akifika anaambiwa hakimu ana udhuru, shauri limeahirishwa. Mara ya nne nauli ilikosekana na kesi ikasikilizwa upande mmoja. Iliniuma sana.

Hakuna aliyemwambia kwamba kifungu cha 47 cha Sheria ya Mahakama za Mahakimu kinaruhusu shauri lililofunguliwa mahakama ya mwanzo kuhamishwa, mradi hukumu haijatolewa. Mahakama Kuu nayo ina uwezo huo. Hukumu ikishasomwa, mlango huo umefungwa.

Na wewe uliyeandika hapo juu kuwa mke asiye na mshahara hana cha kudai: Mahakama ya Rufani ilishasema mwaka 1983, katika shauri la Bi Hawa Mohamed dhidi ya Ally Sefu, kwamba kazi za nyumbani ni mchango katika mali ya ndoa. Sasa mchango huo atauthibitisha vipi ikiwa hawezi hata kufika mahakamani?

Mama, wahi. Chukua barua ya serikali ya mtaa inayoonyesha unapoishi, na ya shule ya watoto, uambatanishe na ombi lako.