Thiotimolini ina nafasi yake katika somo la kemia

Machi 1948 jarida la hadithi za kisayansi la Marekani, Astounding Science Fiction, lilitoa makala iliyoandikwa kama ripoti halisi ya maabara, yenye majedwali, grafu na orodha ya marejeo. Ilihusu kemikali iitwayo thiotimolini, ambayo huyeyuka sekunde 1.12 kabla ya kutiwa maji. Maji yangali kwenye chombo, yenyewe imeshayeyuka. Mwandishi, Isaac Asimov, alikuwa bado anasomea udaktari wa kemia katika Chuo Kikuu cha Columbia, New York.

Thiotimolini haipo duniani. Hata hivyo mimi, kama mwalimu wa kemia wa sekondari, ningependa kila mwanafunzi wa kidato cha tatu aijue kabla hajashika bureti, ule mrija wa maabara wenye vipimo na koki.

Wazo lenyewe lilizaliwa kazini. Katika utafiti wake Asimov alikuwa akitumia katekoli, fuwele nyeupe nyepesi sana zinazoyeyuka mara tu zinapogusa uso wa maji. Akiziangalia zikitoweka akajiwa na swali: je, zikizidi kidogo tu upesi huo, si zitayeyuka kabla hazijayafikia maji? Kutokana na swali hilo akajenga nadharia nzima. Kila mwanafunzi wa kemia anajua kwamba atomu ya kaboni ina vifungo vinne vya kuishikanisha na atomu nyingine, navyo huelekea pande nne tofauti. Asimov akasema ndani ya thiotimolini vifungo vimebanana mno hata vingine vikakosa nafasi, kimoja kikaelekea wakati uliopita na kingine wakati ujao. Kile cha wakati ujao ndicho kinachokutana na maji mapema, kisha kinaivuta molekuli iliyobaki.

Ninachokipenda hapo ni nidhamu yake. Uongo ni mmoja tu, ule wa vifungo kupenya wakati. Ukishaukubali, yaliyobaki yote yanafuata hatua kwa hatua. Na nadharia haikwepi maswali. Mtafiti akisitasita kumimina maji, je? Muda ule wa kutangulia unapungua, hata unaweza kutoweka kabisa. Na kemikali ikishayeyuka, mtu akaamua kwa makusudi kutomimina? Asimov alilirudia swali hilo katika mwendelezo wa mwaka 1960: maji yatafika tu, hata kama ni kwa kimbunga.

Sasa ingia nami maabara siku ya titresheni, jaribio la kupima kiasi cha kemikali kwa kuitilia nyingine kidogokidogo mpaka rangi ibadilike. Tone baada ya tone asidi inashuka kutoka kwenye bureti, mwanafunzi anatikisa chupa, na tone moja tu linatosha kuigeuza rangi ya manjano kuwa ya machungwa. Ni kazi ya subira na inapendeza macho. Lakini katika meza nyingi jedwali linakuwa limeshajazwa. Mtu ameulizia namba za wenzake, amezipunguza pointi sifuri moja hapa na kuongeza pale ili zisifanane sana, halafu ndipo anafungua koki. Wenyewe wanaita kupika majibu. Matokeo yametangulia jaribio, sawasawa na thiotimolini, tofauti ni kwamba hapa hakuna kifungo chochote cha kaboni cha kulielezea jambo hilo.

Siwalaumu watoto peke yao. Wameshaelewa kwamba alama zinakwenda kwa aliyeikaribia namba ya mwalimu, na kwamba aliyeandika kwa uaminifu alichokiona, namba zikawa zimetawanyika, atapoteza. Tumewafundisha kwamba jaribio ni sherehe ya kuthibitisha kilichokwisha kujulikana. Hilo linaniuma, kwa sababu mtoto wa namna hiyo akikua atapokea kwenye simu ujumbe wa dawa ya miujiza wenye maneno “utafiti umeonyesha”, na hatakuwa na swali la kuuliza. Namba zipo, majina ya kitaalamu yapo, basi ameridhika. Asimov mwenyewe alisimulia kwamba baada ya makala yake kutoka, wasomaji walikwenda maktaba ya umma ya New York kuulizia majarida aliyoyataja, majarida ambayo hayakuwahi kuwepo. Wale angalau walikwenda kutafuta, nami nawapongeza kwa hilo.

Asimov aliogopa makala hiyo ingemharibia udaktari. Alimwomba mhariri, John W. Campbell, atumie jina la bandia. Ikatoka na jina lake kamili. Mei 1948 akakaa mbele ya jopo la watahini, na mwisho wa mahojiano profesa mmoja akamtaka aeleze tabia za kithemodainamiki, yaani za joto na nishati, za thiotimolini. Asimov akaangua kicheko kisichozuilika, maana alijua wasingemtania mtu waliyekusudia kumwangusha. Alifaulu.

Kwa hiyo napendekeza hivi. Kipindi kimoja kabla ya titresheni ya kwanza, mwalimu awasimulie wanafunzi nadharia hii kwa Kiswahili, bila kuwaambia ni ya kubuni, awape jukumu la kutafuta uongo umejificha wapi na jaribio gani lingeufichua. Na wanaotunga mitihani ya vitendo watenge alama kwa mwanafunzi ambaye namba zake zimekataa kulingana, akaziandika hivyohivyo, kisha akaeleza kwa nini anadhani zimekataa.